Kuni za Msiba wa Ba

Jamani, nimechoka kuulizwa Wahindi wakoje.

Juzi tu kaja kijana mmoja wa chuo, mkoba mgongoni, simu mkononi, kanikuta uani naanua mahindi. Hata maji hajanywa. "Bibi, nimeambiwa wewe ndiye unawajua Wahindi wa huku. Naomba unielezee utamaduni wao, kwa ufupi tu." Kwa ufupi! Nikamuuliza kwao wapi, akasema Ibaba, kule Ileje. Haya, na utamaduni wa watu wa Ibaba ukoje, kwa ufupi? Akacheka. "Aah, bibi, sisi ni watu wa kawaida tu." Nikamwambia akae chini anisaidie kupukuchua, maana maongezi yetu yatakuwa marefu.

Na ninyi wengine mnaotaka kuifanya kazi hii kaeni hapo hapo. Nasikia mko wengi siku hizi, mnaitwa wasaidizi wa utafiti, mmepewa na vitambulisho vya kuning'iniza shingoni. Sisi tuliitwa wakalimani tu. Nimeifanya kazi hiyo tangu nikiwa binti mpaka magoti yalipokataa kupanda pikipiki. Kinamwanga ni lugha ya mama yangu, Kinyiha nimekua nacho Vwawa, Kibemba nimekiokota sokoni Tunduma kama kila mtu, na Kiingereza nilikipata shuleni nikakimalizia kwa ubishi. Mgeni akishuka na maswali yake, ananitafuta mimi. Kahawa, mbolea, malori, ndoa za mpakani, yote nimeyatoa kinywa hiki nikayapeleka kinywa kile. Lakini mada iliyonichosha roho ni hii ya Wahindi, kwa sababu kila anayekuja nayo ameshaijibu kabla hajafika hapa kwetu Mpemba.

Aliyenifundisha ni Mzee Simkonda, mtu wa Mbozi Mission, aliyekuwa akitafsiri mahubiri ya wageni. Mzee mkali huyo! Alikuwa anasema neno la mtu ni mzigo wa mtu, wewe beba ulivyofungwa, usiufungue njiani ukapunguza wala kuongeza. Siku ya kwanza nilipotoka peke yangu, nilikuwa na bwana mmoja mtaalamu wa mibuni. Akamuuliza mkulima, "Una tatizo gani?" Mimi kwa kiherehere changu nikaongeza, "Usiogope baba, sema yote." Weee! Yule baba alianza na mkwe wake, akaja kwa wifi, akaenda kwa mpaka wa shamba na marehemu kaka yake. Jua liligeuka tukiwa tumekaa, mbuni haujatajwa. Mzee Simkonda aliposikia hata hakutabasamu. "Yeye kauliza mibuni. Wewe, nani alikutuma?"

Kwa hiyo shikeni haya. Kaa ubavuni mwa mgeni, nyuma kidogo, ili anayeulizwa amtazame yeye, si wewe. Akisema "mimi", nawe sema "mimi", usilete "anasema kwamba, anasema kwamba" mpaka watu wasinzie. Maswali yasome mapema, na swali baya lipinge mkiwa bado nyumba ya wageni, msipigane mbele ya watu. Na hizo simu zenu zinazotafsiri zenyewe, sawa, zitumieni kununulia nyanya. Simu haijui kwamba mzee akikohoa kabla ya kujibu, jibu lake si la kwako, ni la jirani anayesikiliza nyuma ya ukuta.

Sasa Wahindi.

Hapa Mpemba yupo Fundi Kanti. Anatengeneza mashine za kumenyea kahawa, zile za kuzungusha kwa mkono, na mashine za kusaga zikigoma pia anaitwa yeye. Ulizeni mkulima yeyote wa Mbozi kama hajawahi kukaa na madebe ya kahawa mbivu inayoanza kunuka, anamngojea Kanti. Babu yake ndiye aliyekuja kutoka India. Baba yake kazaliwa huku, yeye kazaliwa huku, na akikasirikia spana anaitukana kwa Kinamwanga safi ambacho siwezi kukirudia mbele yenu. Mke wake ni Hansa. Mama yake Kanti, Mungu amrehemu, sote tulimwita Ba, kwa sababu ndivyo Kanti alivyomwita. Kwa Kigujarati Ba ni mama, na akawa Ba wa Mpemba nzima, mpaka wauza mkaa walimwita Ba.

Fungueni vitabu mumtafute Kanti. Hamumwoni. Mhindi wa vitabuni yuko nyuma ya kaunta, ama anampunja mtu, ama anaonewa na mtu, basi. Hana mkono wenye grisi, hana mama anayetapika kwenye gari. Niliwahi kumwambia mtafiti mmoja, "Huyu hana duka, huyu ni fundi." Akaangalia karatasi yake juu mpaka chini, akaniambia, "Hakuna shida, tutamweka kwenye nyinginezo." Mtu mzima na wajukuu wake, anawekwa kwenye nyinginezo!

Na wote ni Wahindi tu, hakuna zaidi. Uwe Banyani, uwe Kalasinga, uwe Mwismailia, uwe Mgoa unayekwenda misa kila Jumapili, kapu moja. Nilikuwepo dereva wa lori, Kalasinga mwenye kilemba chake cha rangi ya chungwa, alipoulizwa pale foleni ya mpakani habari za msikiti wake. Yule bwana hakumjibu mwuliza swali. Alinitazama mimi! Sasa mimi nimefanya nini? Nimebeba tu.

Mkadhani labda wa huko huko wangejua zaidi. Mimi pia nilidhani. Alikuja profesa kutoka India kwenyewe, mtu mpole, viatu vinang'aa. Nikasema afadhali, leo napumzika, hawa watasemezana wenyewe. Thubutu! Baada ya muda mfupi profesa ananigeukia, anaomba nimtafsirie Kigujarati cha Ba. Mimi, Mnamwanga! Lakini nilikitafsiri, maana nusu yake kilikuwa Kiswahili na robo Kinyiha. Akamuuliza Ba nyumbani kwake ni wapi. Ba akasema Vwawa. Akasema hapana, mama, namaanisha nyumbani kabisa. Ba akafikiri, akasema, "Kabisa kabisa, Vwawa, ukishuka kule kisimani." Profesa alihuzunika. Aliandika kwamba watu hawa wamesahau. Ba naye akanong'ona kwangu, "Maskini, anaonekana hajala tangu asubuhi," akamletea maharage ya Mbozi aliyoyaunga kwa bizari na jira. Profesa akayaonja, akatoa somo kwamba maharage hayo kwao hayapikwi hivyo. Nililitafsiri na hilo. Ba akasema, "Basi asile."

Upande wa pili kuna wanasiasa, na hawa ndio walionimaliza kabisa.

Kulikuwa na mmoja, jina lake naliacha, tumwite Mheshimiwa kama alivyopenda kuitwa hata kabla hajapata cheo chochote. Akienda kuomba kuungwa mkono na wenye viwanda, anasema "ndugu zetu wenye asili ya Asia, nguzo ya maendeleo." Akipanda jukwaani stendi, anasema "hawa Wahindi." Mdomo ni ule ule, nimesikia yote mawili kwa masikio haya. Nilipomuuliza siku moja ni lipi analiamini, akanipiga bega akasema, "Mama Neema, siasa ni mazingira." Loh.

Sasa nisikilizeni, maana mengine yote nimeyasema ili nifike hapa.

Ba alifariki asubuhi, msimu ambao mvua za kupandia zilikuwa zinangojewa na kila mtu anatazama mbinguni. Miaka ya nyuma, mume wake alipofariki, walimpeleka Mbeya kwa gari, akachomewa huko kama ilivyo dini yao. Ba aliikumbuka ile safari kwa ubaya. Tangu utoto wake gari lilikuwa linamtapisha, na siku ile alitapika njia nzima akimsindikiza mumewe. Kwa hiyo alishasema, na alilisema mbele yetu wengi: "Mimi msinipandishe gari. Nitoeni hapa kwa miguu, kwenye mabega ya watu ninaowajua." Kanti akamwahidi. Alishakwenda kwa mtendaji, akaelewana naye, sehemu ya kumchomea ikaonyeshwa, chini kwenye shamba lake mwenyewe karibu na bonde. Kilichobaki kilikuwa kutimiza ahadi kabla jua halijazama, maana kwao maiti hailazwi usiku.

Siku hizo nilikuwa na Dokta Linda, mtafiti kutoka ng'ambo, dada mzuri kwa kweli, mwenye heshima, aliyekuwa anasoma habari za Wahindi wa mpakani. Nikamwambia naenda msibani. Akaniomba tufuatane. Nikamwambia sawa, lakini unaenda kama mfiwa, daftari liache. Akaliacha. Maswali hakuyaacha.

Tukakuta uwanja umejaa. Ninyi mnajua msiba wetu unavyoanza. Mwanamke akisikia kuna kifo, hafikirii mara mbili, anafunga mzigo wa kuni, anajitwisha, anakuja. Kuni kwanza, mengine baadaye. Akina mama wa kikundi cha kufa na kuzikana walishafika, wametua kuni lundo kubwa pembeni ya karakana ya Kanti, wamepanga mafiga, wamebandika sufuria la maharage, na Mama Nakamba, mwenyekiti wao, kapiga magoti anapuliza moto.

Hansa akatoka ndani mbio, kanga imemdondoka. "Mama Nakamba, hapana, hapana! Usiwashe!"

Msibani kumwambia mtu usiwashe moto? Mama Nakamba kabaki na mashavu yamejaa upepo.

Mimi nilikuwa naijua sababu, na ni rahisi. Kwao, marehemu akiwa bado yumo ndani, nyumba hiyo haiwashi jiko. Hata chai haichemshwi. Chakula wanaletewa na watu wa nje mpaka mwili utoke. Kwetu msiba usio na moto uani ni aibu kwa majirani wote. Sasa hapo nani ana makosa? Hansa akamshika mkono Mama Nakamba, akamweleza akilia, na Mama Nakamba akasikiliza mpaka mwisho, akaubomoa ule moto kwa mguu, akasema, "Sasa mwanangu ungesema mapema. Haya, inueni sufuria. Tunapikia kwangu." Nyumba yake ni ya pili kutoka pale. Wakabeba sufuria, unga, miko, wakahama. Kuni nyingi zikabaki pale pale, maana yeye za kupikia siku moja alikuwa nazo kwake.

Kwisha. Lilikuwa limeshatatuliwa na wanawake wawili, na dua ilikuwa bado haijaombwa.

Lakini Dokta Linda alinivuta mkono. "Muulize Bwana Kanti, jumuiya yake inajisikiaje chakula cha majirani kinapokataliwa?" Nikamwambia, dada, hakijakataliwa, kimehama. Akasema, "Tafadhali, muulize tu." Nikakumbuka Mzee Simkonda na mzigo wake. Nikambebea. Kanti, macho mekundu, shati halijafungwa vifungo, akalisikiliza swali lote kwa adabu. Akanijibu kwa Kinamwanga: "Dada, mwambie jumuiya yangu imekwenda kupika kwa Mama Nakamba." Nikalipeleka neno kwa neno. Baadaye nilikuja kusoma kwamba mhojiwa alikwepa swali.

Ndipo Mheshimiwa akafika. Gari jeupe, vijana wawili wenye fulana za kampeni, kofia kaivua vizuri. Msibani kiongozi hupewa nafasi ya kutoa salamu, hiyo ni desturi, hata ukimchukia unampa. Akapewa. Mwanzo alisema vizuri. Akamsifu Ba, ingawa alimwita Mama Bah. Halafu akajikohoza.

"Ndugu wananchi, wenzetu hawa wana mila zao, nasi tuna zetu. Mmejionea wenyewe, moto wenu umezimwa. Kuni mlizileta za kupikia, hazipiki. Sasa zitafanya nini? Ninyi ni wakulima. Mvua hiyo haijaja. Mnataka moshi wa maiti upande juu ya mashamba yenu, halafu mseme serikali haijaleta mvua? Mimi sina ubaguzi. Mama huyu apelekwe Mbeya kwa Wahindi wenzake, akapate heshima yake. Gari natoa mimi, lile pale, na mafuta yapo. Akina mama, jitwisheni kuni zenu mrudi nazo nyumbani."

Kasema kwa upole kabisa, wajukuu zangu. Mtu anakufukuza huku anakufungulia mlango wa gari. Nikamtazama Kanti. Anatazama lile gari. Najua alichokiona, kwa sababu na mimi nilikiona: mama yake anapandishwa mle. Wazee wa kiume wakatazama viatu vyao, na nasema wazi, niliwaonea hasira, wengine Kanti aliwatengenezea mashine na hawajawahi kusema hata asante. Mvua ikitajwa msimu ule, nani alikuwa tayari kuwa wa kwanza kubisha?

Na Dokta sikioni mwangu: "Anasema nini? Anasema nini?" Nikamtafsiria kila kitu, hadi mafuta yapo. Niliungua moyo, lakini nikambebea.

Mama Nakamba alikuwa amerudi kuchukua mwiko aliousahau. Kasimama nao mkononi, kaisikia hotuba yote. Akasema, "Mheshimiwa, shikamoo."

"Marahaba, mama." Wakati huyo mama anamzidi umri! Kajibu tu.

"Umesema vizuri. Mimi mambo ya mvua siyajui, mvua ina mwenyewe. Nauliza la kuni. Hapa Mpemba, au kwenu, nani amewahi kumwona mwanamke anatoka msibani na mzigo wa kuni kichwani?"

Akauhamishia mwiko mkono wa pili.

"Mimi nianze leo? Nipite pale njia panda na kuni za marehemu kichwani, watu waniulize Mama Nakamba umetoka wapi, niseme nimetoka kwa Ba, nimemnyang'anya kuni zake? Na nikifika nazo nyumbani nipikie nini? Nani atakula?" Akina mama wakaanza kuguna na kupiga makofi ya mshangao. "Kuni ukishazitua msibani umezitua. Zinakuwa za mwenye msiba. Apikie, aote, achome, ni juu yake. Kanti! Mama yako alisemaje?"

Kanti akafungua mdomo. "Alisema... kwa miguu."

"Basi, si mmesikia? Enyi wanaume, kazi yenu ni kutazama viatu?"

Hapo watu wakainuka. Mheshimiwa akaanza kusema alieleweka vibaya, lakini hakuna aliyekuwa anamsikiliza tena, maana Mama Nakamba keshalivamia lundo la kuni anachambua kavu na mbichi. Na hapo tukaumbuka! Kuni za msiba kila mtu anatoa zile asizozipenda, anajua moshi utawatesa wapishi wa kule, si yeye. "Nani kaleta huu mkaratusi mbichi? Maji yanachuruzika! Nani? Wewe Nambela? Huna haya, Ba kakupa dawa ya kikohozi miaka yote, unamletea mbichi?" Nambela akakimbia kwake, akarudi na kuni kavu alizoziweka akiba. Wengine wakaona, nao wakaenda. Lundo likabadilishwa lote.

Dokta Linda akanigusa. "Muulize yule mama, hizi kuni ni ishara ya nini?"

Nikamuuliza. Mama Nakamba, jasho linamtoka, akanitazama kama mtu aliyepungukiwa akili. "Ishara? Mama Neema, si kuni hizi?"

Ba alitoka kwa miguu. Machela ya mianzi, wanaume wa Mpemba wakipokezana na ndugu zake waliotoka Mbeya. Ndugu hao walisema kwao wanawake hawafiki mpaka kwenye moto. Akina mama wetu wakasema sawa, wakafuata nyuma wakiimba pambio, wakasimama pale ukingo wa shamba, si ndani wala si nje. Kanti akawasha. Kuni zilishika vizuri, moshi haukuwa mwingi. Nililia sana siku ile, sikumtafsiria mtu yeyote neno lolote.

Sasa subirini mnisikie ninavyosema nimechoka.

Mheshimiwa, kampeni zilipopamba moto, kwenye mkutano wa stendi alisema yeye peke yake ndiye aliyesimama kidete kupinga watu kuchomwa Mpemba. Kwenye chakula cha jioni na wale wenye viwanda akasema yeye peke yake ndiye aliyewatetea ndugu zetu wenye asili ya Asia wakatimiza ibada yao. Na mvua zilinyesha wiki ile ile, nazo akazitaja, sikumbuki kwenye mkutano upi.

Dokta Linda yeye alinitumia makala yake kwa simu, na shukrani kwangu mwishoni, jina langu limeandikwa sawasawa, kwa hilo namshukuru. Nikaisoma na miwani. Msiba wa Ba umo. Umeitwa mvutano. Wahindi wa mpakani wanaishi kando, hawashiriki moto na majirani. Nikazitafuta kuni. Nikazitafuta ukurasa kwa ukurasa. Ziko chini kabisa, kwa maandishi madogo: majirani walileta nishati ya kupikia, ambayo haikutumika. Haikutumika! Nilimpigia simu. Nikamweleza tena tangu mwanzo. Akanisikiliza kwa upole wake ule, akasema nina hoja nzuri sana, lakini nilichoeleza ni tukio moja tu. Na kweli ni moja.

Ndiyo maana huyu kijana wa Ibaba aliponiambia kwa ufupi, nusura nimrushie gunzi.

Lakini kuna jingine, ambalo hakuna aliyekuja kuniuliza. Mwaka jana mume wangu alifariki. Mnamjua, alikuwa mzee wa kanisa. Nimekaa ndani kwenye mkeka, sioni wala sisikii, mara nasikia gari linarudi kinyumenyume uani. Kanti. Nyuma ya pikapu kuni zimejaa, zimepasuliwa, zimepangwa, kavu mpaka zinalia zikigongana. Nikamsikia Mama Nakamba anasema kwa sauti ili Nambela asikie, "Mnaona? Huyu ndiye anayejua kuleta kuni." Katika machozi yale nilicheka.

Hansa alikaa na mimi kidogo, akarudi kwake, ana mjukuu mdogo alikuwa na homa. Tulizika kesho yake mchana, maana tulimngoja mwanangu Neema atoke Dar. Asubuhi hiyo, kabla ya ibada, Mama Nakamba akaja kukaa karibu yangu. Akasema alipita kwa Hansa kuazima sufuria kubwa, akakuta jiko baridi, majivu ya juzi. Yule mtoto mgonjwa anapewa mkate na maji ya chupa. Hansa mwenyewe kaomba chai kwa jirani. Akamuuliza, mkaa umekwisha? Hansa akamjibu, "Hapana. Shemeji bado yuko ndani kwa Mama Neema."

Wajukuu zangu, nimefanya kazi ya maneno maisha yangu yote. Nilimwomba Mama Nakamba arudie, akarudia.

Tulipomaliza makaburini, watu wanakung'uta udongo mikononi, nilimwona Kanti kasimama na koleo, viatu vyekundu kwa udongo. Nikamwendea. Nikamwambia, "Kanti, ndugu yangu, mpigie Hansa simu. Mwambie tumeshamzika. Awashe moto, mtoto ale."

Akanitazama. Hakujua kwamba najua. Akalichomeka koleo ardhini, akafuta mkono kwenye suruali, akatoa simu.